Kabla Hamjaupiga Mlio wa Mshono: Mambo ya Kuzingatia

Vijana wa kartie, mtaa wetu hapa Goma, wameniomba ruhusa ya kuucheza tena "Mshono", ule mchezo wetu wa kusikilizwa gizani. Ruhusa mnayo. Lakini someni haya kwanza, na myasome yote.

Kwa asiyeujua, Mshono ni jambo la kubuni. Mtu akigonga jiwe la volkano kwa nyundo, mlio unazishona nyakati, na watu waliosimama mahali pale mwaka 1977, 2002 na 2021, miaka ambayo Nyiragongo, volkano yetu huku mashariki mwa Kongo, ililipuka, wanaanza kusikiana. Hakuna picha wala mavazi. Taa zinazimwa, watu wanakaa kwenye mabenchi, na yote yanapita masikioni.

Tarehe zijueni kwa moyo: 10 Januari 1977, 17 Januari 2002, 22 Mei 2021. Njia za lava pia. Mwaka 1977 ilishuka mlimani kwa kasi ya kutisha lakini haikufika katikati ya Goma. Mwaka 2002 iliukata mji hadi ikaingia ziwani. Mwaka 2021 ilisimama Buhene, pembezoni mwa mji. Kwa hiyo msimweke mhusika wa 2021 akiikimbia lava Birere, katikati ya mji. Benchi la mbele patakuwa na mama aliyekuwa mjini siku hiyo, naye atawakatiza.

Saa nazo. Goma iko mbele ya Kinshasa kwa saa moja. Mkiingiza habari za redio kutoka Kinshasa, mtangazaji akisema saa moja, huku kwetu ni saa mbili. Tena amueni kama wahusika watahesabu saa za Kiswahili au za Kifaransa, msichanganye. Mchezo mzima unasimama juu ya wakati.

Jiwe lenye matundu linatoa mlio mfu. Tafuteni lile zito, lililoshikana, lining'inizeni kwa kamba nyembamba. Msilishike: kiganja kinazima mlio.

Sasa mngurumo wa mlima. Hapa msiruke mstari.

Mwaka 2022, mwaka mmoja na kidogo baada ya mlipuko, tuliucheza Mshono katika ukumbi wa mbao upande wa Majengo. Tuliwaonya wote walioingia, tukaweka mtu mlangoni wa kumsindikiza atakayeshindwa kuvumilia. Mngurumo tuliutengeneza wenyewe kwa kuviringisha pipa tupu juu ya changarawe, kisha tukaushusha kwa kompyuta hadi ukawa unasikika kifuani kuliko sikioni. Tulikodi bafle, yaani spika, mbili kubwa. Ilikuwa saa moja na nusu usiku.

Haikupita muda nikasikia mayowe. Nilidhani ni ya waigizaji. Kumbe yanatoka nje. Nilipofungua mlango, avenyu, barabara ya mtaa, ilikuwa imejaa watu. Mbele yangu mama mmoja, mtoto mgongoni, godoro kichwani, mkono mmoja umeshika sufuria ya maharage ambayo bado inatoa mvuke. Ameinua uso kuelekea mlimani, anatafuta wekundu angani. Nikapaza sauti: "Mama, ni mchezo! Ni mchezo tu!" Hakunisikia. Nyuma yangu bafle zilikuwa bado zinanguruma, kwa sababu hatukumpa mtu yeyote kazi ya kuzizima.

Mtoto wa miaka sita alipotea usiku ule. Alipatikana saa nne karibu na Petite Barrière, kivuko cha mpaka wa Rwanda, ameshika nguo ya mtu asiyemjua. Alikuwa amefanya kama alivyofundishwa nyumbani: mlima ukinguruma, fuata watu uende mpakani.

Baadaye ndipo nilipoelewa. Sauti nzito inapita ukuta wa mbao bila shida, lakini sauti nyembamba, zile zinazofanya maneno yaeleweke, nyingi zinabaki ndani. Na usiku, hewa ya chini ikipoa, sauti inafika mbali zaidi. Sisi wa ndani tulipata mngurumo pamoja na hadithi yake. Jirani alipata mngurumo mtupu. Kesho yake nilikwenda kumwomba radhi yule mama. Alinikaribisha, akanipa kiti. Godoro lilikuwa limesimama ukutani, bado limefungwa kamba, na watoto walikuwa wamelala chini.

Basi fanyeni hivi. Siku tatu kabla, piteni mlango kwa mlango, si kwa tangazo la ukutani, hatua mia mbili kila upande. Mwambieni mkuu wa avenyu na wa nyumba kumi. Tajeni siku, saa, na mngurumo utadumu dakika ngapi. Nusu saa kabla ya kuanza, mtu apite na megafoni. Chezeni saa tisa alasiri, mfunike madirisha mpate giza lenu. Mmoja akae kidole juu ya kitufe cha kuzima, asifanye kazi nyingine. Mwingine awe nje na simu, na wawe wamekwisha kuzoezana. Rangi ya tahadhari ya volkano ikipanda, au ardhi ikitikisika wiki hiyo hata kidogo, ahirisheni. Msibishane.

Milio ya risasi na mabomu, hapana. Hata ya mbali, hata ya sekunde moja. Waliokuwa Goma mwishoni mwa Januari 2025, vita vilipoingia mjini, wanajua kwa nini.

Mengine mnayajua. Jenereta iwe mbali na ukumbi. Betri za akiba. Wenye watoto wachanga wakae karibu na mlango, na mlango usifungwe kwa komeo. Wazee waulizwe mmoja mmoja kama wanataka kubaki, kwa heshima, si mbele ya watu. Atakayelia gizani msimmulike kwa tochi; mwendeeni polepole, mkae naye. Msirekodi nyuso. Na mvua ikianza kupiga mabati, simamisheni mrudishe watu nyumbani, maana jiwe halitasikika tena.