SOMO: Steam imegoma kufunguka? Pitia hapa kabla hujaifuta

Wakuu habari zenu. Hapa naongelea Steam, ile programu ya kununulia na kuchezea magemu ya kompyuta. Meseji ninayopokea kila wiki ni ileile, "Steam yangu haifunguki", "Steam inazunguka tu", "Steam imeleta kioo cheusi", na mtu akishaniandikia dakika kumi baadaye ananiambia basi nimeshaifuta nainstoo upya, na hapo ndo roho inaniuma kwa sababu najua kinachofuata. Kwa hiyo nimeamua niweke kila kitu hapa, fuata kwa mpangilio, usiruke.

Ninazungumzia Windows tu. Mac na Linux zina mambo yake.

Hatua ya 1. Zima kompyuta uwashe. Kuzima kabisa, sio kufunika laptop.

Hatua ya 2. Angalia Windows yako. Tangu tarehe 1 Januari 2024 Valve (wenye Steam) waliacha kuhudumia Windows 7, 8 na 8.1. Ukiwa huko usihangaike na hatua zingine, hamia 10 au 11. Na ukiwa na Windows 10 angalia kama ni ya biti 64, maana za biti 32 nazo huduma yake iliisha tarehe 1 Januari 2026.

Hatua ya 3. Saa na tarehe. Usicheke, hii imewasumbua watu wengi sana hasa wenye zile desktop za ofisini zilizotumika. Betri ya madabodi ikifa, kila umeme ukikatika kompyuta inarudi nyuma miaka, unakuta inakwambia ni 2015. Sasa Steam inapowasiliana na seva inakagua vyeti vya usalama, na vyeti vina tarehe, kompyuta ikiwa 2015 inaona cheti bado hakijaanza kazi, inakataa, na wewe unaambiwa hakuna mtandao wakati WhatsApp inasoma vizuri kwenye simu. Rekebisha tarehe, ukanda wa saa weka Nairobi (UTC+3), ndo wa kwetu huo hata ukiwa Mbeya. Halafu nunua betri mpya, imeandikwa CR2032, ni ya duara kama sarafu, mafundi saa wanazo.

Hatua ya 4. Fungua Task Manager (Ctrl+Shift+Esc), tafuta steam.exe na steamwebhelper.exe, ua zote, jaribu tena. Mara nyingi Steam imeshafunguka kimyakimya huko nyuma, ndo maana ukibonyeza haitoki.

Hatua ya 5. Ikitoka nyeusi au nyeupe tupu, ua tena kama hatua ya 4, bonyeza kitufe cha Windows pamoja na R, andika %localappdata%\Steam, ndani kuna folda inaitwa htmlcache, ifute. Itajitengeneza upya.

Hatua ya 6. Windows+R tena, andika steam://flushconfig ukubali. Hii inasafisha kumbukumbu za kudaunlodi, magemu haigusi, ila itakutoa kwenye akaunti, kwa hiyo kama paswedi huikumbuki na simu yenye Steam Guard (ule ulinzi unaokupa namba ya kuthibitisha unapoingia) haipo karibu, usiifanye kwanza.

Hatua ya 7. Kusafisha Steam bila kupoteza magemu. Hapa nawaomba msome taratibu.

Magemu yako yanakaa ndani ya folda ya Steam yenyewe, kwenye folda inaitwa steamapps, isipokuwa kama ulichagua diski nyingine. Ukienda Control Panel ukaifuta Steam, inaondoka na kila kilichomo tumboni mwake. Mimi nilifanya hivyo. Nilikuwa na GTA V, zaidi ya GB 100, niliyoidaunlodi kwa bando la usiku karibu wiki tatu, naweka alamu saa sita usiku naamka naanzisha, saa kumi na moja naamka nazima. Steam ikagoma siku moja baada ya umeme kukatika ikiwa katikati ya kujiapdeti, nikaona niifute niweke upya, nikabonyeza, ule mstari wa kijani ukawa unatembea taratibu mno nikajiuliza mbona programu ndogo inachukua muda hivi. Nilipofungua This PC nikakuta diski C ambayo ilikuwa nyekundu imegeuka bluu, ina nafasi kibao. Nilikaa pale kwenye kiti nikiangalia ile rangi ya bluu. Risaiko bini tupu. Sitaki yamkute mtu mwingine.

Kwa hiyo fanya hivi. Ua Steam kabisa (hatua ya 4), la sivyo kuna faili zitagoma kuhama. Ingia C:\Program Files (x86)\Steam. Chukua folda steamapps NZIMA, kata, bandika nje kabisa, kwa mfano C:\AKIBA. Ukibaki diski ileile ni sekunde moja, ukipeleka kwenye diski nyingine itachukua muda, usichomoe. Fanya hivyo hivyo kwa folda userdata. Sasa rudi, futa vyote vilivyobaki isipokuwa steam.exe. Washa steam.exe, itajidaunlodia vitu vyake upya, ni MB mia kadhaa. Ikifunguka, ingia kwenye akaunti, kisha ifunge tena, rudisha steamapps na userdata mahali pake, kubali ikiuliza kuunganisha, washa.

Tahadhari tatu. Usichukue common (folda iliyo ndani ya steamapps yenye magemu yenyewe) peke yake ukaacha vile vifaili vya appmanifest vilivyo pembeni yake, ndivyo vinavyoiambia Steam gemu lipo. Usibonyeze kuinstoo gemu lolote kabla hujarudisha folda, itaanza kudaunlodi kutoka sifuri na bando litaondoka. Na kabla hujafuta chochote fungua AKIBA, bonyeza kulia, angalia ukubwa wake. Ukiona GB zako zimo, endelea. Ukiona KB, simama.

Hatua ya 8. Steam imefunguka ila gemu moja linagoma: bonyeza kulia kwenye gemu, Properties, Installed Files, halafu kitufe cha kukagua faili. Apdeti draiva ya kadi ya picha pia.

Maswali karibuni.

MASWALI

chalii_wa_r: mkuu steam yangu haifunguki nisaidie

Jibu: Haifunguki vipi? Umefika hatua ya ngapi?

chalii_wa_r: sijasoma yote ni ndefu, we niambie tu ya kwangu

Jibu: Ya kwako siwezi kuijua kwa kuiota. Anza hatua ya 1.

binti_kibodi: Kaka asante sana, ya kwangu imekaa sawa hatua ya 5. Naomba kuuliza, kwa nini folda ndogo vile ilete kioo cheusi?

Jibu: Swali zuri dada. Dirisha la Steam unaloliona, duka, maktaba, chati, kiukweli ni kurasa za wavuti. Ndani ya Steam kuna brauza kama Chrome, ndo hiyo steamwebhelper, na htmlcache ni mahali inapohifadhi kurasa ilizokwishafungua ili isizitafute upya. Faili moja ikiharibika humo, labda umeme umekatika ikiandika, brauza inashindwa kuchora unapata weusi. Ikikurudia tena bonyeza kulia kwenye shotikati ya Steam, Properties, kwenye Target nenda mwisho kabisa baada ya alama ya kufunga nukuu ("), acha nafasi, andika -cef-disable-gpu. Hapo inachora bila kutumia kadi ya picha, inasaidia sana kwa laptop zenye kadi za zamani.

Mzee wa Tanga: Mbona video zote zinasema ufute uinstoo upya na wao inafanya kazi? Naona unatia watu hofu bure.

Jibu: Inafanya kazi, sijasema haifanyi. Nimesema inaondoka na magemu. Anayerekodi hizo video ana faiba isiyo na kikomo, akipoteza GB 100 anazirudisha jioni hiyohiyo. Wewe una faiba? Kama unayo futa tu. Somo hili nimeliandikia mtu wa bando.

Mzee wa Tanga: Sawa nimekuelewa. Magemu yangu yapo diski D, nayo yanaondoka?

Jibu: Hapana mkuu, kama Steam iko C na hiyo ni maktaba uliyoiongeza D, yanabaki. Baadaye unaenda Settings, Storage, unaionyesha ile folda ya D inayatambua.

kipanga77: inaniambia steam_api64.dll haipo, nimefuata hatua zote

Jibu: Gemu umelinunua Steam?

kipanga77: nilipewa kwenye flashi na jamaa

Jibu: Basi ni la kucrack na antivairasi yako imelila hilo faili. Sisaidii hapo, na usizime antivairasi kwa ajili ya faili usilojua lilikotoka. Kuna magemu ya bure kabisa Steam, Dota 2, Counter-Strike 2, anza na hayo.

Mama Naila: Kijana wangu anacheza kwenye kompyuta ya nyumbani, nikifuta hizo faili alipofikia kwenye magemu yake patapotea? Sitaki ugomvi naye.

Jibu: Shikamoo mama. Akaunti yake na magemu aliyonunuliwa viko kwenye seva za Valve, havipotei. Alipofikia, magemu mengi yanahifadhi kwenye wingu la Steam, ila sio yote, mengine yanaandika kwenye userdata ndo maana nimesema ihamishwe pia, na mengine yanaandika kwenye folda ya Documents, ambayo somo hili haliigusi kabisa. Fanya naye pamoja, akikaa pembeni atakuonyesha lipi analijali.

Mama Naila: Marahaba. Tutafanya Jumamosi.

doto_hosteli: Mimi inafunguka ila usiku inakataa kuingia, asubuhi iko poa. Imetokea mara kadhaa.

Jibu: Usiku wa siku gani?

doto_hosteli: kama jumanne hivi, saa saba saa nane

Jibu: Huo ni ukarabati wao wa kila wiki, wanaufanya Jumanne mchana kwa saa za pwani ya magharibi ya Marekani, kwetu ni usiku wa kuamkia Jumatano. Usiguse kitu, lala.

doto_hosteli: 🙏 Na hapa hosteli tuko wanne tunataka Dota wote, lazima kila mtu achome bando lake?

Jibu: Hapana! Tangu 2023 Steam inaweza kuhamisha gemu kutoka kompyuta moja kwenda nyingine mkiwa mtandao mmoja. Aliye nalo aende Settings, Downloads, kuna sehemu ya kuhamisha faili kwa mtandao wa ndani, anachagua amruhusu nani, yeye mwenyewe tu, marafiki zake au yeyote. Nyie wengine mnabonyeza kuinstoo kama kawaida, Steam inaona jirani analo inachota kwake. Hata hotispoti ya simu inatosha, kinachopita kati ya kompyuta mbili hakili bando, linaliwa kidogo tu la kuingia kwenye akaunti.

doto_hosteli: Imekubali mkuu!! Laptop ya kwanza imeanza saa tisa mchana, imemaliza kabla ya magharibi. Sa hivi inachota ya pili.

Jibu: Safi sana. Mkipata waya wa LAN unganisheni laptop mbili moja kwa moja, hotispoti iachieni kazi ya kuingia kwenye akaunti tu. Na chomekeni chaji zote.