Kabla hujateremka mwambani: kujiandaa na samaki jiwe

Siku za bamvua, Unguja na Pemba, maji hukupwa sana mnamo saa nne asubuhi, siku mbili tatu baada ya mwezi kuandama au kuwa mpevu. Mwamba hubaki wazi na kila mwenye ndoo na fimbo ya kuchokolea pweza huteremka. Kule Kisiwa Panza, Pemba, siku mwamba unapofunguliwa baada ya kufungwa ili pweza wakue, watu hujaa pwani kama sokoni. Hizo ndizo siku ambazo mguu wa mtu na samaki jiwe, yule mwenye miiba ya sumu, hukutana kwa urahisi zaidi.

Usijiandae kumwona. Hata mwenye macho makali humpita. Ngozi yake ina vinundu vinundu, mara nyingi imeota mwani, rangi yake ni ile ile ya jabali alilolala ubavuni mwake, na mdomo umeelekea juu. Wakati mwingine hujifukia mchangani hadi yakabaki macho tu. Ukimkaribia hakimbii, kwani kujificha ndiko kumlishako. Kwa hiyo ile tabia nzuri ya kuburuza miguu, ambayo humfukuza samaki aitwaye taa, kwake haisaidii sana. Na maji yakimwacha kwenye kidimbwi au juu ya mwamba mkavu usimhesabu maiti, maana huweza kukaa nje ya maji saa nyingi akiwa hai.

Mgongoni ana miiba 13, na kila mmoja una vifuko vya sumu. Hakurukii akuchome, uzito wako mwenyewe ndio unaobana vifuko na kuisukuma sumu ndani ya nyama. Basi jambo la kwanza ni viatu, na malapa si viatu vya mwambani: soli yake laini hupenywa na mwiba, tena huchomoka mguuni. Vaa raba yenye soli nene na ngumu. Hata hiyo si ngao kamili, kwa hiyo tangulia kugusa kwa fimbo pale unapotaka kukanyaga, na usitie mkono kwenye shimo wala kuinua jiwe kwa vidole vilivyopita chini yake. Kina mama wanaofunga mwani Paje na Jambiani hupiga magoti na kupapasa mchanga siku nzima. Kwao mikono na magoti yamo hatarini sawa na nyayo.

Jambo la pili, na kwangu mimi ndilo kubwa kuliko yote, hufanywa jikoni kabla ya kutoka: jaza themosi mbili maji yaliyochemka, uchukue na beseni. Sumu hii hudhoofishwa na joto, na maumivu yake ni makali mno. Mtu mzima hulia. Mtoe mgonjwa majini kwanza asije akazirai akazama. Ondoa mwiba unaoonekana, suuza jeraha, kisha changanya maji: vikombe vitatu vya maji ya baridi, kimoja cha themosi, halafu ongeza cha moto kidogo kidogo. Yasizidi nyuzi joto 45. Anayepima ni mtu mzima wa afya, kwa mkono wake, kwa sababu mguu ulioumia haujui tena kipi moto kipi baridi, na wapo waliotibiwa sumu wakaishia na malengelenge ya kuungua. Mguu ukae humo dakika 30 hadi 90, maji yakipoa yaongezwe. Ndiyo maana themosi moja haitoshi.

Usichanje jeraha, usinyonye, usifunge kamba ya kukaza juu ya mguu, usipake mafuta ya taa. Najua kuna mzee kila kijiji mwenye dawa yake. Mwache aongee, maji ya moto yakiendelea.

Kabla ya kuondoka jua pia utapelekwa wapi na kwa chombo gani. Walio kusini mwa Pemba wana hospitali ya Abdulla Mzee, Mkoani. Mjini Unguja ipo Mnazi Mmoja. Weka nauli pembeni, simu iwe na chaji ndani ya mfuko usiopitisha maji, na mwachie mtu wa nyumbani jina la mwamba mnaokwenda. Kifua kikibana, pumzi ikikatika au mtu akizimia, msisubiri dakika za beseni zitimie.

Wavuvi wa madema na nyavu wana lao: ndugu zake wengine, akiwemo yule mwenye mistari myekundu na mapezi marefu yaliyotanda, huja pamoja na samaki wengine, na miiba yao huchoma hata wakishakufa. Chukua koleo na mkasi, ukate miiba kabla ya kumshika. Nyama yake ikipikwa huliwa.

Mwisho, kama hukumbuki ulipochanjwa pepopunda mara ya mwisho, pita kituo cha afya wiki hii. Na jeraha likiendelea kuvimba au kutoa usaha siku kadhaa baadaye, rudi ukaangaliwe, huenda ncha ya mwiba imebaki ndani.