Ukitaka Kuandika Vichekesho vya Televisheni, Tazama Njia ya John Sullivan

Vijana wanaoniletea miswada ya vichekesho huanza na mzaha. Nasoma kurasa tatu na bado simjui anayezungumza. Huwa nawapeleka kwa John Sullivan, mwandishi wa Uingereza ninayempenda kuliko wenzake wote wa kazi hii.

Kwanza, sogea karibu na mlango. Sullivan alizaliwa London Kusini mwaka 1946, akaacha shule akiwa na miaka 15 bila cheti. Alituma miswada BBC, ikarudi. Mwaka 1974 akaajiriwa humohumo BBC kushughulikia vifaa vya maigizo, na huko studioni akamfuata mchekeshaji Ronnie Barker akiwa na vichekesho vifupi mkononi. Barker akavikubali. Nawe anza na vya dakika mbili tatu. Hivyo mtu mwenye shughuli nyingi atakubali kuvisoma.

Pili, andika watu unaowajua. *Only Fools and Horses*, tamthilia yake ya vichekesho ya televisheni iliyoanza 1981, inawahusu ndugu wawili wa Peckham, mtaa wa London Kusini, Del na Rodney, wanaohangaika na biashara za mitaani. Del huapa kwamba mwakani wakati kama huu watakuwa mamilionea. Kiapo hicho ndicho kinachozaa vituko vyote. Basi kabla ya kuandika mzaha wowote, jua mhusika wako anataka nini, na ni nani hawezi kumwacha hata akimchosha.

Tatu, na hapa nawasihi sana: msiukimbie msiba. Desemba 1984 Lennard Pearce, aliyeigiza babu yao, alifariki katikati ya kazi. Sullivan angeweza kusema babu amesafiri. Badala yake aliandika mazishi. Ndugu wanasimama kaburini, huzuni ni ya kweli, wanaiweka kofia ya babu juu ya jeneza. Kumbe ni ya kasisi! Nimeitazama mara nyingi na bado nacheka machozi yakinilengalenga. Kicheko kile kinatoka kwenye upendo wao, hakikubandikwa juu. Ukiandika tukio la namna hiyo, acha majonzi yakae kwanza, kisha kosa dogo litokee, tena moja tu.

Kuhusu umbo: Uingereza mara nyingi mtu mmoja au wawili huandika mfululizo mzima, aghalabu vipindi sita vya nusu saa. Jizoeze kubeba mzigo huo peke yako. Na uwe na subira. Mfululizo wa kwanza wa Del na Rodney haukuvuta watu wengi, lakini kipindi cha Krismasi cha 1996 kilitazamwa na zaidi ya milioni 24.

Ukimaliza nusu saa yako ya kwanza, usiitume bado. Waombe watu wawili waisome kwa sauti, wewe ukae kimya na kalamu. Weka alama kila ulimi unapokwama. Hapo ndipo pa kuandika upya.