Vile unaomba oda ya ulinzi kortini mtu wa nyumbani akikutesa (hapa Kenya)

Wengi hudhani korti inaingia tu jamaa akishashikwa na kushtakiwa. Hapana. Tangu 2015 tuko na sheria ya kukinga watu na dhuluma za nyumbani, na inakuruhusu uende kwa hakimu uombe oda ya ulinzi hata kama hakuna aliyeshikwa, hata kama wewe mwenyewe hutaki afungwe, unataka tu asikukaribie. Si lazima awe bwanako wa ndoa: mchumba, mliyeachana, mtu mmezaa naye, shemeji mnayekaa naye boma moja, wote wamo, na wanaume pia wanaweza kuomba. Na si kipigo tu, kukutisha, kukufuatafuata, kukufungia nje ya nyumba, zote sheria imezitaja.

Kama umeumia anza hospitali. Kama ni kubakwa usioge kwanza, na ufike kabla masaa 72 yaishe ndio upewe dawa za kuzuia virusi vya ukimwi. Halafu steshoni, ulizia dawati la jinsia, yaani maafisa wanaoshughulikia kesi kama hizi, unaweza kuchagua kuandikisha na afisa mwanamke kama wewe ni mwanamke. Usitoke hapo bila namba ya OB, yaani ya kitabu cha polisi cha kuandika matukio, na fomu ya P3, ile ya polisi ya daktari kujaza majeraha yako. Mimi nikimpeleka dadangu, afisa wa kwanza alituambia eti maneno ya nyumbani yamalizwe nyumbani, tukakaa kwa benchi mpaka zamu ikabadilika, wa pili akaandika bila neno. Ukipata kama huyo wa kwanza ulizia OCS, mkubwa wa steshoni.

Sasa korti. Nenda mahakama ya hakimu iliyo karibu, uliza rejista wanakopokea maombi ya oda ya ulinzi. Kama huna pesa ya wakili FIDA, chama cha mawakili wanawake, husaidia wanawake bure. Kama huwezi kwenda mwenyewe, mwingine anaweza kuomba kwa niaba yako.

Kitu kitakachokubeba ni afidaviti, yaani maelezo yako ya maandishi unayoyaapia, na hapa ndipo watu huharibu. Usiandike "amekuwa akinitesa kwa miaka mingi", hakimu atafanya nini na hiyo? Andika tarehe, saa, mahali, alishika nini, alisema nini kwa maneno yake hata kama ni matusi, nani alisikia, watoto walikuwa wapi. Anza na tukio la juzi kisha rudi nyuma. Weka namba ya OB, P3, picha za majeraha. Meseji za vitisho zipige screenshot uziprinti, na uandike pia hati ya kuthibitisha umezitoa vipi kwa simu, bila hiyo wakili wa huyo anayekutesa anaweza kuzipinga. Mwisho useme waziwazi unaomba nini: asikupige wala asikutishe, asije kwako wala kazini, asikutumie watu, polisi wakusindikize kuchukua nguo na vitu vyako. Usipoomba huenda usipewe.

Kama hatari iko karibu omba oda ya muda, hiyo hakimu anaweza kutoa kabla huyo mtu hajaitwa, kisha mnapewa siku ya kusikizwa pande zote mbili. Siku hiyo usikose hata kama amekupigia usiku akilia.

Oda ikitoka lazima apelekewe, na tafadhali usimpelekee wewe. Acha polisi au mtu wa korti afanye hiyo kazi. Kwangu hiyo ndiyo siku ya kuogopa kuliko zote, kwa hivyo panga mapema kulala kwingine wewe na watoto, na usiambie shangazi yeyote mwenye mdomo. Toa kopi nyingi: moja steshoni iliyo karibu na unakolala, moja kwa mwalimu wa watoto, moja kwa soja wa geti, na upige picha ikae kwa simu.

Akiivunja, hata kwa meseji moja kama oda ilimkataza kukutafuta, ripoti upate OB nyingine. Adhabu ni faini isiyozidi shilingi 100,000 au jela isiyozidi miezi 12, au vyote viwili. Na mkirudiana, oda haijifuti yenyewe, inabidi mrudi kortini ibadilishwe au iondolewe. Usiku ukikwama piga 1195, laini ya kusaidia wanaodhulumiwa, ni bure, kama ni mtoto ni 116.