Nani kauomba wimbo? Namna ya kuchunguza nyimbo za wahamiaji na jamii za wachache kwenye filamu

Mimi ni mtu wa Tanga ninayeishi Göteborg, bandari ambako Waswidi wengi walipanda meli hadi Hull, wakashika treni kwenda Liverpool, kisha Marekani. Waliohama kati ya 1850 na 1930 ni takriban milioni 1.3, na nyimbo zao ndizo ninazozichunguza.

Kabla ya mashairi, kagua karatasi. Nyingi zilichapwa kwenye vijitabu vya bei ya chini viitwavyo skillingtryck, vikiuzwa magulioni. Noti za muziki kwa kawaida hakuna. Utakuta maelekezo tu kwamba wimbo huu uimbwe kwa mahadhi ya wimbo fulani. Utafute huo wa zamani uusikilize, maana kilio cha kuagana kikitiwa mahadhi ya ngoma, kinakuwa kitu kingine. Tarehe nayo ina mtego. Vijitabu vingine vimeandikwa "kimechapwa mwaka huu", basi, ili visichakae machoni pa mnunuzi. Hapo fuata jina la mchapaji na yanayotajwa ndani: meli ya tanga au ya mvuke, njaa ya 1867 hadi 1869.

Ukishamaliza hapo, jiulize: nani kauomba wimbo huu? Sisi tuliokulia kwenye taarabu tunalijua swali hili. Ukumbini hatumtazami mwimbaji peke yake, tunamtazama na aliyeinuka kutunza, na ameinukia beti gani.

Swali hilohilo lipeleke kwenye filamu. Chukua Sameblod ya Amanda Kernell, 2016. Binti wa Kisami, yaani wa wenyeji asilia wa kaskazini mwa Uswidi na jirani zake, miaka ya 1930, anapimwa kichwa shuleni na watafiti wa mbari. Anatorokea Uppsala, mji wa chuo kikuu, anaficha asili yake. Kwenye sherehe, wanafunzi wa anthropolojia wanamtaka awaimbie joik, uimbaji wa Wasami. Anaimba. Simamisha picha hapo uandike: nani ameomba, nani anatazama, yeye anatazama wapi, kamera iko upande wa nani. Ombi lao ni la adabu kabisa, na ndiyo maana linaumiza kuliko matusi. Wanautaka wimbo, mwenye wimbo wanamchunguza tu.

Halafu tazama Utvandrarna ya Jan Troell, 1971, ambamo Waswidi wenyewe ndio maskini wanaohama. Chora safu mbili daftarini: wanaoimba kwa hiari yao, na wanaoimba kwa kuombwa. Jaza kwa kila filamu, ukiandika na dakika.