Dimureji ya lori: saa zinaanza kuhesabiwa lini?

Ugomvi mwingi wa dimureji, yaani malipo ya kuchelewesha lori kushusha mzigo, kwenye maghala ya Igogo na Nyakato jijini Mwanza hauanzii kwenye kiwango cha pesa. Dereva anahesabu tangu alipofika getini, mwenye mzigo anahesabu tangu gari lilipoingia ndani. Malizeni hilo kwa maandishi kabla lori halijapakia.

Mkataba utaje saa za bure, kiwango cha siku, kama Jumapili na sikukuu zinahesabiwa, na kipande cha siku kinalipwaje. Hicho cha mwisho ndicho kinachoumiza. Tuseme mmekubaliana saa 24 za bure, kisha shilingi 150,000 kwa siku. Lori limefika Jumatatu 09:00, limemaliza kushusha Jumatano 15:00. Hizo ni saa 54. Toa 24, zinabaki 30. Kipande cha siku kikihesabiwa siku nzima, utalipa siku mbili, 300,000; mkihesabu kwa saa, jumla ni 187,500.

Tumeandika 09:00 makusudi. Mlinzi akiandika "saa 3" tu, mhasibu aliyezoea saa ya kompyuta ataisoma 03:00, na tayari saa sita zimezuka hewani.

Kwenye hati ya makabidhiano ziandikwe nyakati nne: kufika, kuingia, kuanza kushusha, kumaliza. Mpokeaji asaini na kugonga muhuri. Akikataa, dereva apige picha gari likiwa getini na atume ujumbe wa simu kwa mwenye mzigo papo hapo, si kesho yake.

Mwenye mzigo naye ajipange. Tani 30 za saruji ni mifuko 600 ya kilo 50. Makuli wanne watakesha nayo. Masika, mvua ikinyesha saruji haishushwi, kwa hiyo andikeni mapema saa za mvua ni za nani. Gari likichelewa kushusha kwa sababu dereva hana karatasi kamili, saa hizo zisimhusu mpokeaji.

Kontena lina hesabu yake. Likikaa bandarini kupita siku za bure, kuna tozo. Likishatoka, kampuni ya meli inaendelea kuhesabu hadi lirudishwe tupu. Kulishusha Mwanza hakusimamishi hesabu hiyo. Kama linatakiwa Dar es Salaam, kuna zaidi ya kilometa 1,100 za kurudi, basi ulizia yadi ya kurudishia kabla halijaondoka bandarini, na stakabadhi ya kupokelewa tupu itunze mpaka amana uliyoweka kwa kampuni ya meli irudi.