Benki ya maswali ya CISA: usiikariri

Wenzangu wa Mtwara mnaojiandaa na CISA, mtihani wa cheti cha wakaguzi wa mifumo ya kompyuta, benki ya maswali, yaani yale maswali ya mazoezi, inadanganya. Niliizungusha yangu mara tatu, nikafika asilimia tisini, nikajiona fundi. Kumbe nilikuwa nakumbuka maswali tu, somo sina.

Sasa nina daftari. Kabla sijafungua jibu, nachagua langu kati ya manne, naandika kwa nini yale mengine matatu hayafai. Inachosha, lakini hapo ndipo unajijua. Mfano: aliyeacha kazi ghala la korosho bado akaunti yake iko hai kwenye mfumo. Mkaguzi afanye nini KWANZA? Sisi tuliotokea IT mkono unakimbilia kuifunga. Mkaguzi hafungi akaunti ya mtu! Anaangalia kama imetumika tangu mwenyewe aondoke, kisha anaripoti. Neno hilo "kwanza", au "bora zaidi", ndilo linaloangusha watu, maana mara nyingi majibu yote manne yana ukweli ndani yake.

Jumamosi alfajiri, kabla joto la Shangani halijaanza, kaa na maswali 150 kwa saa 4 mfululizo, kama mtihani wenyewe. Simu mpe mtoto.